Mzuka wa Oiwa na Sauti ya Benshi: Hotuba Kuhusu Filamu Bubu za Japani

Mheshimiwa Mwenyekiti, walimu wangu, wanafunzi wa sinema na tamthilia, mabibi na mabwana,

Nawashukuru kwa heshima mliyonipa ya kusimama mbele yenu. Nimeombwa nizungumzie filamu bubu zilizotokana na hadithi za jadi za mizuka ya Japani, nami nimeichagua hadithi ya Oiwa, mwanamke aliyetiliwa sumu, akafa kwa dhuluma na kurudi kumwandama mumewe. Hadithi hiyo ilianza kupigwa picha za sinema mwanzoni mwa karne ya 20, na kabla sauti haijaingia katika filamu za Japani ilikuwa imekwisha kutengenezwa zaidi ya mara kumi. Nitakalolisema jioni hii ni jambo moja, na mengine yote nitakayoyataja yanalitumikia hilo: filamu hizo hazikutazamwa kimya hata siku moja. Zilitengenezwa kwa kutegemea sauti ya mtu aliyesimama kando ya skrini, aliyeitwa benshi, na mtafiti asiyemtia mtu huyo katika hesabu zake hawezi kueleza kwa nini Oiwa aliwatisha watu kiasi kile, wala hawezi kusema ni kitu gani hasa kilichotupotea filamu zenyewe zilipopotea.

Sina budi kuanza na hadithi, na mniwie radhi nikikaa hapo kwa muda, kwa kuwa wengi wanaoitaja huikumbuka sura ya mzuka na kuyasahau maisha ya mwanamke mwenyewe.

Tamthilia ya kabuki, yaani mchezo wa jadi wa jukwaani wa Japani, iitwayo Tōkaidō Yotsuya Kaidan ilichezwa kwa mara ya kwanza mwaka 1825 katika ukumbi wa Nakamura-za mjini Edo, mji ambao leo unaitwa Tokyo. Mtunzi wake, Tsuruya Nanboku wa Nne, alizaliwa mwaka 1755, kwa hiyo alikuwa mzee wa miaka 70 hivi alipoiandika, na alibakiwa na miaka minne tu ya kuishi. Katika msimu ule wa kwanza haikuchezwa peke yake. Ilisukwa pamoja na Kanadehon Chūshingura, tamthilia mashuhuri ya samurai waaminifu wanaojitoa mhanga ili kulipiza kisasi cha bwana wao, na maonyesho ya hii yakafuatana na ya ile kwa siku mbili. Mtazamaji alimwona shujaa anayekufa kwa ajili ya uaminifu, na baada ya muda mfupi akamwona Iemon, mume wa Oiwa na samurai wa ukoo ulioanguka wa bwana huyohuyo, ambaye hakumwekea uaminifu mtu yeyote duniani. Kwa maoni yangu, mpangilio huo ndio ufunguo wa kazi yote ya Nanboku. Hofu anayotutia haitoki kaburini. Inatoka katika nyumba ya mtu aliyelelewa kwa maadili makubwa, ambaye njaa na tamaa zilipomjia aliyaweka maadili hayo pembeni kana kwamba hayakuwahi kumhusu.

Iemon amemuua baba mkwe wake kwa siri, kisha amemwahidi mkewe kwamba atamsaka muuaji. Wanaishi katika ufukara. Yeye aliyezaliwa kubeba panga anatengeneza miavuli ya karatasi ili wapate chakula, na Oiwa, aliyejifungua mtoto siku si nyingi, bado ni mgonjwa kitandani. Jirani yao tajiri, Itō Kihei, ana mjukuu aitwaye Oume ambaye amempenda Iemon, na kutoka nyumba hiyo inaletwa dawa inayosemwa kuwa ni ya kumrudishia mzazi nguvu zake. Oiwa anaipokea kwa unyenyekevu, anawashukuru majirani kwa wema wao, anainywa yote. Ni sumu, nayo inamharibu uso.

Iemon, akiwa amekwisha kukubali kumwoa Oume, anarudi nyumbani kutafuta kitu cha kuweka rehani. Anamvua mkewe nguo, kisha anachukua hata chandarua kinachomkinga mtoto na mbu. Oiwa anaking'ang'ania chandarua kile, kinanyakuliwa kwa nguvu, na kucha zake zinang'oka. Ninawaomba mkikumbuke kitendo hicho kila mnapoisikia hadithi hii ikielezwa kuwa ni hadithi ya kutisha tu. Hakuna mzuka bado. Kuna mama, mtoto, mbu, na mwanamume anayehitaji fedha za harusi.

Baadaye mkandaji aitwaye Takuetsu, aliyetumwa na Iemon amtongoze Oiwa ili ipatikane sababu ya kumtaliki, anashindwa na dhamiri yake, anamweleza mwanamke yule ukweli na kumpa kioo. Oiwa anajiona. Anaamua kwenda nyumbani kwa jirani akiwa amejipamba kama mke wa heshima: anayatia meno rangi nyeusi kwa desturi ya wanawake walioolewa wa zama hizo, kisha anachana nywele. Nywele zinatoka pamoja na damu, na kila chanuo linaposhuka zinang'oka zaidi. Katika kabuki tendo hilo huchukua muda mrefu, na hakuna anayelikatiza. Oiwa hafiki kwa jirani yake. Katika purukushani na Takuetsu upanga unamkata koo, naye anakufa akilitaja jina la mumewe.

Iemon anamuua pia mtumishi wake, Kohei, na kuwagongomea maiti wawili hao kwenye ubao wa mlango, mmoja upande huu na mwingine upande ule, kisha anautupa ubao mtoni ili watu wadhani walikuwa wapenzi waliokufa pamoja. Usiku wa harusi yake anapomfunua uso bibi arusi anamwona Oiwa, anakata kwa upanga, na aliyeanguka ni Oume. Tangu hapo hana pa kukimbilia. Anapovua samaki mferejini, ubao ule unaibuka majini mbele yake. Panya wanamfuata, kwa kuwa Oiwa alizaliwa katika mwaka wa panya, kwa kalenda inayoipa miaka majina ya wanyama. Mwishowe anauawa na Yomoshichi, mume wa mdogo wake Oiwa.

Aliyecheza Oiwa mwaka ule wa 1825 alikuwa mwanamume, Onoe Kikugorō wa Tatu, kwa kuwa katika kabuki wanawake huchezwa na waigizaji wa kiume waliobobea katika kazi hiyo. Kikugorō alimcheza Oiwa, akamcheza Kohei, akamcheza na Yomoshichi. Ubao ulipoibuka majini, alitoa kichwa chake katika tundu lililotobolewa na kuonekana ni Oiwa, ubao ukageuzwa, na kwa kasi ya kushangaza akawa Kohei upande wa pili. Katika maonyesho ya miaka michache baadaye ukaongezwa mchezo mwingine ambao mpaka leo watu huusubiri: taa ya karatasi inawaka moto, na Oiwa anatokea kupitia katika taa hiyo inayoungua. Hayo yote yaliambatana na sauti. Ngoma kubwa ilipigwa taratibu kwa mdundo mzito unaoitwa dorodoro, filimbi ikalia juu yake, na kila aliyekaa ukumbini alijua kwamba mzuka unakaribia kabla hajauona. Sauti ilitangulia, picha ikafuata.

Sinema ilipofika Japani katika miaka ya 1896 na 1897, iliikuta jadi hiyo ikiwa hai na imara. Haikuchukua muda mizuka kuingia humo. Mwaka 1898 Asano Shirō, mpiga picha aliyekuwa akifanya kazi katika duka la vifaa vya picha mjini Tokyo, alitengeneza vifilamu viwili ambavyo mara nyingi huhesabiwa kuwa filamu za kwanza za kutisha za nchi hiyo: Bake Jizō, yenye sanamu ya Jizō, mtakatifu mlinzi wa Kibudha, iliyogeuka kiumbe cha ajabu, na Shinin no Sosei, ambayo ndani yake kitako cha jeneza kinaanguka na maiti anapata uhai. Vyote viwili vimepotea. Mwaka uliofuata Shibata Tsunekichi alirekodi kipande cha Momijigari, tamthilia ya kabuki kuhusu pepo aliyejigeuza binti wa kifalme, akiwa na waigizaji wawili wakubwa kuliko wote wa wakati huo, Ichikawa Danjūrō wa Tisa na Onoe Kikugorō wa Tano. Huyo wa Tano alikuwa mjukuu wa yule wa Tatu aliyemcheza Oiwa mwaka 1825, na kwa hiyo kati ya jukwaa la Nanboku na lenzi ya kwanza ya Japani kuna hatua chache tu za ukoo mmoja. Danjūrō hakuipenda sinema, akakubali kwa sharti kwamba filamu isionyeshwe hadharani maadamu yeye yu hai. Filamu hii imesalia, na mwaka 2009 serikali ya Japani iliitangaza kuwa mali muhimu ya utamaduni, heshima ambayo filamu haikuwahi kupewa kabla ya hapo.

Filamu ya kwanza ya Oiwa inayotajwa kwa kawaida ni ya mwaka 1912, kazi ya Makino Shōzō wa Kyoto, ambaye wanahistoria humwita baba wa sinema ya Japani. Makino alikuwa akiongoza ukumbi wa tamthilia kabla ya kushika kamera, na nyota wake, Onoe Matsunosuke, mtu wa macho makubwa aliyependwa na watoto kupita kiasi, inasemekana alicheza katika filamu zipatazo elfu moja, nyingi zikiwa fupi na karibu zote zimepotea. Namna yao ya kutengeneza ilikuwa nyepesi: kamera iliwekwa mahali pamoja, mbali kidogo, waigizaji wakacheza mbele yake kama jukwaani, na wanawake wakachezwa na wanaume. Hata hivyo Makino aligundua kitu ambacho jukwaa lisingeweza kukifanya. Inasimuliwa kwamba mara moja, kamera ilipokuwa imesimamishwa ili kubadilisha mkanda, mwigizaji mmoja aliondoka mahali pake bila kuonekana, na filamu ilipoonyeshwa mtu yule akatoweka ghafla mbele ya macho ya watu. Iwe hadithi hiyo ni sahihi kwa kila neno au imenogeshwa, ujanja wenyewe upo na unaonekana katika filamu ya Matsunosuke ya mwaka 1921, Gōketsu Jiraiya, iliyosalia, ambamo shujaa anajigeuza chura mkubwa na watu wanazuka na kutoweka katika kufumba na kufumbua.

Kikugorō wa Tatu alihitaji tundu kwenye ubao, nywele za bandia na wasaidizi wa haraka nyuma ya jukwaa ili awe maiti wawili. Kamera ilihitaji kusimama kwa muda mfupi tu. Ndiyo maana hadithi za mizuka zilikuwa miongoni mwa za kwanza kupendwa na watengenezaji wa filamu, nazo zilitolewa hasa majira ya joto, karibu na siku za Obon, wakati ambapo wafu huaminika kurudi kuwatembelea jamaa zao na ambapo kabuki nayo ilikuwa na desturi ya kucheza mizuka ili kuwapa watu baridi ya uti wa mgongo katikati ya hari.

Hapo sasa ndipo anapoingia benshi.

Benshi alikuwa msimulizi wa filamu. Alisimama au kuketi upande wa kushoto wa skrini, mbele ya meza ndogo yenye taa hafifu, na kwa muda wote wa onyesho alieleza hadithi, alisema maneno ya wahusika kwa sauti zao, na mara nyingine aliongeza maoni yake. Katika miaka ya mwanzo filamu za kabuki zilisemwa na wasimulizi kadhaa kwa pamoja, kila mmoja akishika sauti ya mhusika wake, na wengine wakiiga kwa ustadi sauti za waigizaji mashuhuri wa jukwaani. Baadaye ikawa kawaida mtu mmoja kubeba sauti zote: mzee, mtoto, samurai, mke anayekufa. Pembeni palikuwa na wanamuziki, na kwa filamu za zama za samurai bendi hizo zilichanganya shamisen (ala ya nyuzi tatu), ngoma na filimbi za kabuki na ala za Kizungu kama fidla. Mdundo ule wa dorodoro niliouelezea haukubaki jukwaani. Ulihamia nao ukumbi wa sinema.

Katika miaka ya 1920 benshi walikuwa maelfu nchini kote, na wanawake walikuwamo. Majina yao yaliandikwa kwenye mabango kwa herufi kubwa, mara nyingine kubwa kuliko za waigizaji. Wako watu waliochagua ukumbi kwa kumfuata benshi, na filamu yenyewe ikawa jambo la pili kwao. Mamlaka nazo ziliijua nguvu ya sauti hiyo: mwaka 1917 polisi wa Tokyo walitoa kanuni za maonyesho ya sinema zilizowataka benshi wawe na leseni, na katika kanuni hizohizo wanaume na wanawake waliamriwa kukaa sehemu tofauti ukumbini. Serikali haisumbuki kumpa leseni mtu asiye na uzito.

Fikirini sasa tendo lile la chanuo. Jukwaani, Kikugorō alikuwa na mwili wake, muziki na ukimya wa watu. Kwenye filamu kuna mwanga juu ya kitambaa cheupe, hauna damu wala pumzi. Mtu anayeupa pumzi ni benshi. Ndiye anayeamua kama Oiwa atalia au atanong'ona, kama nywele zinapong'oka kutakuwa na maneno au hakutakuwa na neno lolote. Mashine za wakati huo ziliendeshwa kwa mkono, na benshi aliweza kumwashiria mwendeshaji apunguze au aongeze kasi, kwa hiyo hata muda wa tendo lenyewe ulikuwa mikononi mwake. Mwongozaji alipiga picha Kyoto mara moja. Oiwa alikufa upya kila jioni, katika kila mji, kwa sauti ya mtu mwingine, na hakuna jioni mbili zilizofanana. Ninaamini kwamba hapo ndipo ilipokuwa hofu yenyewe. Mtazamaji hakuwa peke yake na picha. Alikuwa chumba kimoja na mtu aliye hai aliyekuwa akisema kwa niaba ya maiti.

Walikuwapo waliopinga. Kuanzia miaka ya 1910 wakosoaji vijana, miongoni mwao Kaeriyama Norimasa, walidai kwamba sinema ya Japani ijitegemee: kamera isogee karibu, hadithi ielezwe kwa picha na maandishi mafupi ya kwenye skrini, wanawake wachezwe na wanawake, na benshi apunguziwe mamlaka. Mabishano hayo yalizaa matunda. Mwaka 1921 mwandishi mkubwa Tanizaki Jun'ichirō aliandika mswada wa filamu ya Jasei no In, ikaongozwa na Thomas Kurihara. Ni hadithi ya nyoka anayejifanya mwanamke mzuri na kumnasa kijana, iliyotoka katika Ugetsu Monogatari, mkusanyo wa Ueda Akinari uliochapishwa mwaka 1776. Tanzu mbili za mizuka zilikuwa zimeachana: Oiwa wa Makino alitokana na jukwaa, na nyoka wa Tanizaki na Kurihara alitokana na kitabu na kuchukua mbinu za filamu za Marekani, ambako Kurihara alikuwa amefanya kazi. Filamu hiyo nayo imepotea. Waigizaji wa kiume waliocheza wanawake waliondoka katika sinema mwanzoni mwa miaka hiyohiyo ya 1920. Benshi hakuondoka. Wakosoaji walishinda karibu kila hoja isipokuwa hiyo, na mimi nasema hawakuishinda kwa sababu watazamaji walijua wanachokipenda.

Wengi wenu mnaweza kulielewa jambo hili upesi kuliko wasomi wa Ulaya, ambako wasimulizi wa filamu walitoweka mapema zaidi. Katika vibanda umiza vya Tanzania, watu walimsikia Derek Gaspar Mukandala, aliyejulikana zaidi kwa jina la Lufufu, akizisimulia filamu za kigeni kwa Kiswahili, akiwasemea wahusika, akieleza kisa na kuongeza yake. Kenya wanaye DJ Afro, na Uganda kazi hiyo ina wafuasi wengi mpaka leo. Sisemi kwamba wasimulizi hao walijifunza kutoka Japani. Hakuna uhusiano huo. Nasema kwamba aliyewahi kuitazama filamu kupitia sauti ya Lufufu hahitaji kushawishiwa kwamba msimulizi ni sehemu ya filamu. Kuna tofauti moja kubwa, nayo inawaelemea benshi: sauti ya Lufufu ilirekodiwa kwenye kanda pamoja na picha, na sauti ya benshi iliisha kila jioni taa zilipowashwa.

Nifikie filamu iliyonifanya niichague mada hii. Mwaka 1928 Itō Daisuke alitengeneza toleo jipya la hadithi hii, Shinpan Yotsuya Kaidan. Itō, aliyezaliwa mwaka 1898, alikuwa ndiyo kwanza ametoka kuishangaza nchi kwa Chūji Tabi Nikki ya mwaka 1927, kisa cha mhalifu anayesalitiwa na watu wake mmoja baada ya mwingine hadi anakamatwa akiwa mgonjwa asiyeweza kusimama. Kamera yake haikutulia. Ilikimbia pamoja na wanaokimbia. Na huruma yake ilikuwa daima upande wa mtu aliyebanwa na wakubwa akakosa pa kwenda. Mtu wa namna hiyo anapolichukua tendo la chandarua na tendo la chanuo, mtu anayajua mapema makali yatakayokuwamo. Lakini siwezi kuwaeleza picha moja baada ya nyingine, kwa kuwa filamu hiyo haipo. Hakuna aliyepata nakala yake.

Sababu za upotevu huo zinajulikana. Mikanda ya wakati ule ilitengenezwa kwa selulosi ya naitreti, kitu kinachoshika moto upesi na kinachooza chenyewe kikihifadhiwa vibaya. Nakala zilizochapishwa zilikuwa chache, zikazungushwa mji hadi mji hadi zikachakaa. Tarehe 1 Septemba 1923 tetemeko kuu la Kantō na moto uliofuata viliteketeza sehemu kubwa ya Tokyo na Yokohama, pamoja na maghala ya filamu. Kisha vikaja vita na mabomu ya mwaka 1945. Na palikuwa na sababu ya kimyakimya kuliko zote: filamu bubu ilipoacha kuingiza fedha hakuna aliyeona haja ya kuitunza. Filamu ya kwanza ya Japani yenye sauti kamili iliyofanikiwa, Madamu to Nyōbō ya Gosho Heinosuke, ilitoka mwaka 1931, na ingawa filamu bubu ziliendelea kutengenezwa kwa miaka kadhaa, benshi waligoma, wakashindwa, wakatawanyika.

Hata hivyo lazima niwe mwadilifu: si kila kitu kimekwisha. Mwaka 1991 zilipatikana sehemu za Chūji Tabi Nikki ambazo kwa miongo mingi zilihesabiwa kuwa zimepotea kabisa, na Oatsurae Jirokichi Kōshi, filamu ya Itō ya mwaka 1931, ipo, ikiwa na waigizaji wa kike Fushimi Naoe na mdogo wake Nobuko. Anayetaka kukisia Oiwa wa Itō alikuwaje aanze hapo, atazame namna mwongozaji huyo anavyokaa na uso wa mwanamke aliyesalitiwa. Zipo picha za matangazo na majarida ya wakati huo. Zipo pia sahani za santuri ambazo benshi mashuhuri walirekodi vipande vya masimulizi yao, kwa kuwa watu walizinunua na kuzisikiliza majumbani bila kuiona filamu yenyewe. Huo ni ushahidi mkubwa kwa hoja yangu. Watu walinunua sauti peke yake, na ikawatosha.

Nayo kazi ya benshi haikufa. Matsuda Shunsui, aliyeanza kusimulia akiwa mtoto, baada ya vita alizunguka akikusanya mikanda iliyotelekezwa na kuendelea kuisimulia hadi alipofariki mwaka 1987, na mwanafunzi wake, Sawato Midori, ameibeba kazi hiyo ndani na nje ya Japani. Mkusanyo wa Matsuda na Hifadhi ya Taifa ya Filamu iliyoko Kyōbashi, Tokyo, ndiyo milango miwili mikuu ya mtu anayetaka kuifahamu sinema hiyo kwa macho na masikio yake.

Nitaje jambo moja zaidi kuhusu Oiwa mwenyewe, kwa sababu ni haki yake. Huko Yotsuya lipo hekalu lenye jina lake, na kwa mapokeo ya hekalu hilo Oiwa halisi aliishi katika karne ya 17, alikuwa mke mwema, na kwa uchamungu na bidii yake aliiinua nyumba ya mumewe kutoka katika umaskini. Nanboku alilichukua jina hilo karibu miaka 200 baadaye na kulipa kisa kingine. Waigizaji wa kabuki wamekuwa na desturi ya kwenda kumwomba radhi kabla ya kumcheza, na watu wa sinema waliirithi. Nimeona baadhi ya waandishi wakiitaja desturi hiyo kama ushirikina wa kuwavutia wateja. Siafiki. Mtu anayeazima jina la marehemu ili apate riziki anafanya vyema kulikiri deni hilo, awe anaamini mizuka au haamini.

Mheshimiwa Mwenyekiti, kwa ruhusa yako sasa tutazame Momijigari ya mwaka 1899, ambayo ni ya dakika chache tu. Tutaionyesha mara mbili. Mara ya kwanza haitakuwa na sauti yoyote, nami naomba mmwangalie Danjūrō anavyoponyokwa na kipepeo chake cha kujipepea, kwa kuwa filamu ilipigwa nje siku ya upepo, nyuma ya ukumbi wa Kabuki-za, na tendo hilo halikurudiwa. Mara ya pili mmoja wa wanafunzi wenu, aliyeandika masimulizi yake mwenyewe kwa Kiswahili, atasimama upande wa kushoto wa skrini na kuisimulia, huku mwenzake akipiga ngoma. Baada ya hapo ningependa tujadili pamoja ni katika onyesho lipi kati ya hayo mawili mlimwona pepo, na mnieleze ni kitu gani kiliwafanya mumwone.